Fedha Iliyolipwa kwa Hukumu, na Njia za Kuirudisha

Mtu akishindwa daawa kortini hulipa, na akiisha kulipa watu husema shauri limekwisha. Mara nyingi halijaisha. Huenda rufani ikapindua hukumu. Huenda stakabadhi iliyopotea ikaonekana chini ya sanduku. Au huenda korti iliyohukumu haikuwa na uwezo wa kusikiliza lile neno moja ambalo mdaiwa alitaka kulisema. Hapo fedha imekwisha kutoka mkononi mwa mmoja na kuingia mkononi mwa mwingine, wala si kwa wizi, bali kwa amri ya hakimu mwenyewe. Je, yaweza kurudi? Na ikirudi, hurudi yenyewe tu, au pamoja na faida ya muda wote iliokaa kwa asiyestahili? Sheria zinazojibu maswali haya katika korti za Tanzania na Kenya zilipita London, Hong Kong na India kabla ya kutia nanga katika Afrika ya Mashariki, na katika kila bandari ziliongezewa jambo.

Shauri la kale linalotajwa kila jambo hili linapozungumzwa ni lile la Moses na Macferlan, lililohukumiwa London mwaka 1760. Mtu aitwaye Chapman Jacob alikuwa amempa Moses hati nne za ahadi ya kulipa, kila moja ya shilingi 30. Moses alizipisha hati hizo kwa Macferlan kwa kutia sahihi yake migongoni mwake, ili Macferlan apate kumdai Jacob kwa jina lake mwenyewe. Kwa sheria ya biashara, atiaye sahihi mgongoni mwa hati huwa kama mdhamini wake: mwandishi wa hati asipolipa, aliyetia sahihi hulipa. Lakini Moses hakuwa mjinga. Alitaka kwanza mapatano ya maandishi, naye Macferlan akampa, kwamba sahihi zile hazitamletea Moses dhara lolote, na kwamba hatadaiwa kwa ajili yake.

Macferlan hakutimiza neno lake. Alimwita Moses mbele ya Korti ya Dhamiri ya Middlesex akamdai kwa hati zote nne. Korti za namna hiyo ziliwekwa kwa ajili ya madeni madogo, ili wachuuzi na mafundi wapate haki upesi bila ya kumalizwa na gharama za mawakili; ile ya Middlesex haikuruhusiwa kusikiliza deni lipitalo shilingi 40. Hati moja moja ya shilingi 30 iliweza kupita katika mlango huo mwembamba. Mapatano ya kumkinga Moses hayakuweza. Wakili wake alipoyatoa, korti ilisema kwamba haina uwezo wa kuyaamua, ikahukumu kwa kuitazama sahihi peke yake. Kwa korti iliyobeba jina la dhamiri, hilo lilikuwa jambo la ajabu kidogo, lakini kwa mipaka iliyowekewa haikukosea. Moses akashindwa kwa hati ya kwanza, na alipoona kwamba nyingine zitafuata njia ile ile, ikalipwa kwa niaba yake fedha yote, shilingi 120, yaani pauni 6.

Kisha akageuka akamshitaki Macferlan katika Korti ya Mfalme ili arudishiwe pauni zake 6. Mkuu wa korti hiyo alikuwa Lord Mansfield, William Murray kwa jina lake la kwanza, aliyekalia kiti hicho tangu mwaka 1756 hata mwaka 1788. Yeye na wenziwe walikubaliana wote kuwa Macferlan airudishe fedha.

Namna ya madai aliyoitumia Moses ilikuwa na umbo la kuchekesha kidogo. Korti za Kiingereza za wakati ule hazikumpokea mdai mpaka aliingize dai lake katika mojawapo ya vifungu vilivyokwisha kuwekwa, kama maji yasiyoweza kusimama bila ya chombo. Kifungu kilichokuwapo kilisema kwamba mdaiwa amepokea fedha kwa ajili ya mdai, naye akaahidi kumlipa. Macferlan hakuwa ameahidi kitu cha namna hiyo. Kinyume chake, alitaka kuila fedha. Sheria ilimvika ahadi asiyoitoa. Mansfield aliona wazi kwamba vazi hilo ni la kuazima, akasema kwamba wajibu huu hautoki katika mapatano ya wawili bali katika uadilifu wenyewe, kama walivyofundisha wanasheria wa Rumi juu ya mambo yafananayo na mkataba yasiyokuwa mkataba. Akaeleza fedha ya namna gani yaweza kudaiwa kwa njia hii: iliyolipwa kwa kukosea, iliyolipwa kwa jambo ambalo halikutokea, iliyotolewa kwa hila, kwa kutozwa kwa nguvu, kwa kuonewa, au kwa mtu kuitumia vibaya hali dhaifu ya mwenziwe.

Upande wa pili wa maneno yake husahauliwa mara nyingi, nao una thamani si haba. Alisema kwamba hairudi fedha ambayo mtu mwaminifu angeilipa hata kama sheria isingemlazimisha: deni la kweli lililopitwa na muda, deni aliloliingia mtu kabla ya kufikia umri wake, hata fedha iliyopotezwa katika mchezo wa bahati uliochezwa bila ya udanganyifu. Aliyelipa fedha hiyo ametimiza lililo juu ya heshima yake, basi asirudi kuilia.

Ugumu ulikuwa katika ile hukumu ya kwanza. Je, Korti ya Mfalme haikuwa inaitangua hukumu ya Korti ya Dhamiri kwa kupitia dirishani, pasipo rufani? Mansfield alijibu kwamba hapana. Hukumu ile ilikuwa sahihi kwa yale iliyoweza kuyasikiliza, wala hakuna mtu aliyekuwa akiigusa. Lililokuwa likishitakiwa ni kuvunjwa kwa mapatano, jambo ambalo korti ndogo haikupata kulipima. Jibu hili halikuwatosha wote. Mwaka 1795 James Eyre, Mkuu wa Korti ya Mashauri ya Raia, alilitilia shaka waziwazi, kwani aliogopa kwamba mlango ukiachwa wazi kiasi hicho kila ashindwaye atarudi kwa jina jingine.

Hofu hiyo ilipata nguvu baada ya miaka miwili. Mwaka 1797 lilikuja mbele ya Korti ya Mfalme shauri la Marriot na Hampton. Hampton alimwuzia Marriot bidhaa, Marriot akalipa na kupewa stakabadhi. Baadaye Hampton akamshitaki kwa fedha ile ile kana kwamba haijalipwa. Marriot alitafuta stakabadhi yake asiione, wala hakuwa na ushahidi mwingine. Akakubali kushindwa, akalipa mara ya pili pamoja na gharama za daawa. Kisha stakabadhi ikaonekana.

Ni vigumu kupata shauri ambalo haki yake ni nyeupe kuliko hili. Hapakuwa na ugomvi kwamba bidhaa moja imelipwa mara mbili, wala kwamba aliyelipwa alikwisha kulipwa. Juu ya hayo Lord Kenyon, aliyerithi kiti cha Mansfield, alilifukuza dai la Marriot, na majaji wenziwe wakamwunga mkono. Sababu yao ilikuwa fupi. Fedha iliyochukuliwa kwa njia ya sheria, baada ya korti kuhukumu, haiwezi kudaiwa tena katika shauri jipya. Ama sivyo hapatakuwa na mwisho wa daawa, na hakuna mtu atakayelala usingizi juu ya hukumu aliyoipata. Kenyon alisema kwamba anaogopa kuweka mfano wa namna hiyo. Marriot aliondoka kortini na stakabadhi yake mkononi, yenye sahihi ya kweli, isiyomfaa kitu.

Mashauri haya mawili yakitazamwa kwa haraka huonekana kuwa yanapingana, lakini tofauti ipo. Moses hakupewa nafasi ya kusema neno lake, maana korti ilisema haiwezi kulisikiliza. Marriot alipewa nafasi, akakosa karatasi. Sheria ya Kiingereza ilimhurumia yule wa kwanza, ikamwambia wa pili kwamba kutunza karatasi zake ni juu yake.

Katika pwani ya Afrika ya Mashariki jambo hili lilikwisha kufikiriwa kwa njia nyingine zamani, katika mabaraza ya makadhi. Hadithi iliyopokewa na Umm Salama, iliyomo katika Bukhari na Muslim, yaeleza kwamba Mtume aliwaonya wadaawa kuwa yeye huhukumu kwa ayasikiayo, na kwamba huenda mmoja wao akawa hodari wa kutoa hoja kuliko mwenziwe. Basi ambaye atahukumiwa kitu kilicho haki ya nduguye asikitwae, maana amekatiwa kipande cha moto. Juu ya msingi huo wanazuoni wa Kishafii, ambao madhehebu yao ndiyo ya Waislamu walio wengi wa pwani, waliweka kwamba hukumu ya kadhi hupita kwa dhahiri, haipiti kwa batini. Imam Nawawi aliliandika hilo katika Minhaji, kitabu kilichosomwa na kutegemewa sana na makadhi wa nchi hizi. Abu Hanifa alitofautiana nao katika mambo ya ndoa, talaka na mauzo, lakini juu ya mali inayodaiwa pasipo kutajwa sababu yake, yeye pia hakuona kwamba neno la kadhi humfanya mwongo kuwa mwenye mali.

Kwa mtazamo huo, ile fedha ya pili haikuwa mali ya Hampton hata siku moja. Kama kadhi atalifungua shauri upya ni jambo jingine, lenye masharti yake, kwani makadhi nao walijua thamani ya kuacha hukumu zitulie. Lakini fikira ya kwamba hukumu yenyewe huihalalisha mali haikuwa na nafasi. Korti ya Kenyon haikuuliza swali la batini kabisa. Lilikuwa nje ya kazi yake. Hapo ndipo zilipoachana sheria mbili ambazo baadaye zilikaa jirani katika mji mmoja wa Unguja.

Hayo yote yahusu hukumu iliyosimama. Iliyopinduliwa kwa rufani ina kanuni yake, na kanuni hiyo haikuwa na ubishi mwingi: msingi ukiondoka, kilichojengwa juu yake huanguka. Ugomvi ulikuwa juu ya kiasi cha kurudishwa. Jambo hili lilipata maelezo yake yaliyo mashuhuri zaidi katika shauri lililotoka Hong Kong, kati ya Alexander Rodger na benki ya Kifaransa iitwayo Comptoir d'Escompte de Paris. Korti ya Hong Kong iliipa benki ushindi, fedha ikalipwa. Mwaka 1869 kamati ya sheria ya Baraza la Malkia huko London ikaipindua hukumu hiyo. Benki ilirudisha fedha yenyewe, lakini korti ya Hong Kong ilikataa kuitoza faida ya muda ilipokuwa nayo. Shauri likasafiri tena mpaka London. Mwaka 1871 Lord Cairns, akitoa uamuzi wa kamati, alisema kwamba wajibu mmojawapo ulio mkubwa wa korti zote ni kuangalia kwamba tendo la korti lisimdhuru mdaawa yeyote, na kwamba tendo la korti maana yake si tendo la hakimu wa kwanza tu, bali la korti zote tangu ya chini mpaka ya juu. Kwa hiyo faida nayo ilikuwa lazima irudishwe. Aliyenyimwa fedha yake kwa miaka alinyimwa pia matumizi yake, na kumrudishia idadi ile ile ni kumrudishia pungufu.

Neno la Cairns liliingia India kwa nguvu. Kanuni ya mwendo wa mashauri ya madai ya India ya mwaka 1882 ilikuwa na kifungu cha 583 juu ya jambo hili. Kanuni iliyoifuata, ya mwaka 1908, ililiweka kwa upana zaidi katika kifungu cha 144. Kwa kifungu hicho, hukumu ikibadilishwa au kupinduliwa, korti iliyosikiliza shauri kwanza hutakiwa, kwa maombi ya mwenye haki, kuwarudisha wadaawa pale ambapo wangekuwapo kama hukumu ile isingetolewa. Yaweza kuamuru gharama zirudishwe, na faida, na fidia, na mapato ya ardhi kwa muda wote ilipokuwa mikononi mwa asiyestahili. Tena mwombaji hafungui daawa mpya. Amekatazwa kabisa kufanya hivyo kwa jambo ambalo laweza kupatikana kwa maombi. Kwa mtu maskini katazo hilo ni rehema, maana daawa mpya ni gharama mpya.

Sheria za India ziliingia Unguja kwa mlango wa korti ya Balozi wa Kiingereza katika karne ya 19, kwa sababu wafanya biashara wengi wa Kihindi walihesabiwa kuwa chini ya ulinzi wa Kiingereza, na rufani za korti hiyo zilivuka bahari mpaka Bombay. Bara la Kenya lilizipokea kwa amri ya mwaka 1897, na Tanganyika mwaka 1920 baada ya kuondoka Wadachi. Kenya ilikiweka kifungu cha kurudisha katika sheria yake ya mwendo wa mashauri ya mwaka 1924, nacho ni kifungu cha 91. Tanzania Bara iliendelea kutumia kanuni ya India mpaka ilipotunga yake mwaka 1966, na humo kifungu hicho ni cha 89. Asomaye vifungu hivyo viwili pamoja na kile cha India ataona kwamba ni ndugu wa baba mmoja, na maneno yao hayapishani ila kidogo.

Palipo na ugumu mkubwa ni katika mali iliyouzwa. Rufani haisimamishi yenyewe utekelezaji wa hukumu. Aliyeshindwa sharti aombe, aonyeshe kwamba atapata hasara kubwa, na atoe dhamana. Wengi hawana cha kuwekea dhamana. Basi shamba au nyumba hunadiwa wakati rufani ingali njiani. Ikiwa mnunuzi ni yule yule aliyeshinda, mali humtoka hukumu ikipinduliwa. Lakini ikiwa ni mtu wa kando, aliyenunua mnadani kwa nia safi wala hakuwa katika daawa, huachiwa alichonunua. Kamati ya Baraza la Malkia iliamua hivyo mwaka 1887 katika shauri kutoka India, na hoja ya kanuni hiyo ni kwamba minada ya korti ikikosa kuaminiwa hakuna atakayenunua kwa bei ya haki, na watakaoumia ni wadaiwa wenyewe. Hoja hiyo haikosi ukweli. Hata hivyo, aliyezaliwa katika nyumba iliyonadiwa, akashinda rufani yake akapewa thamani yake kwa fedha, hakurudishwa pale alipokuwa, hata kifungu kikisema hivyo.

Lipo pia kundi la watu ambao hawakuhukumiwa kabisa lakini walilipa kwa hofu ya hukumu ya mwingine. Mali ya mtu hukamatwa kwa deni lisilo lake. Akingoja kuthibitisha haki yake biashara husimama. Basi hulipa huku akisema waziwazi kwamba analipa kwa kulazimishwa. Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872, katika kifungu cha 72, ilisema kwamba aliyepokea fedha iliyolipwa kwa kukosea au kwa kushurutishwa ni juu yake kuirudisha. Sheria hiyo hiyo, mahali pengine, ilikuwa imelipa neno kushurutisha maana nyembamba sana, na benki moja ilijificha nyuma ya wembamba huo. Mwaka 1913, katika shauri la Kanhaya Lal na Benki ya Taifa ya India, kamati ya London iliamua kwamba katika kifungu cha 72 neno hilo lichukuliwe kwa maana yake ya kawaida. Aliyelipa ili kuiokoa mali yake iliyokamatwa isivyo haki alikuwa ameshurutishwa, akaruhusiwa kudai.

Kuhusu kukosea, sheria ya Uingereza ilikuwa na ukali wake. Mwaka 1802, katika shauri la Bilbie na Lumley, mtoa bima aliyelipa pauni 100 huku akizijua habari zote zilizompa njia ya kutolipa alinyimwa asirudishiwe, kwa kuwa alilolikosea ni sheria, na kila mtu huhesabiwa kuwa anaijua sheria. Kanuni hiyo ilisimama Uingereza hata mwaka 1998, Baraza la Malodi lilipoiondoa. Afrika ya Mashariki ilikwisha kuipata njia pana zaidi kwa sababu ya India: mwaka 1949 kamati ya London iliamua kwamba kukosea kulikotajwa katika kifungu cha 72 ni pamoja na kukosea sheria. Tanganyika ilipotunga sheria yake ya mikataba mwaka 1961 ilikihifadhi kifungu hicho na namba yake. Mwaka huo huo Kenya iliiacha sheria ya India ikafuata ya Kiingereza. Hivyo nchi mbili zilizopokea sheria moja zilitengana katika jambo hili bila ya kishindo, na mfanya biashara wa Tanga alikuwa na andiko la kushika ambalo mwenziwe wa Mombasa, mwendo wa saa chache tu, hakuwa nalo.

Ama Marriot na stakabadhi yake, kanuni ya India ilimtengenezea njia ambayo Kenyon hakuwa nayo. Haikuruhusu daawa mpya dhidi ya hukumu iliyosimama, na kwa hilo ilikubaliana na majaji wa mwaka 1797. Lakini ilimruhusu aliyeshindwa kurudi kwa korti ile ile iliyomhukumu, aombe hukumu itazamwe upya kwa sababu ya ushahidi mpya ulio mkubwa. Ruhusa hiyo imo mpaka leo katika kanuni za Kenya na za Tanzania. Muda wake ni mfupi, nayo ina sharti moja: mwombaji aonyeshe kwamba ushahidi huo hakuujua, au hakuweza kuutoa siku ile, ijapokuwa alijitahidi kama inavyompasa mtu mwangalifu. Mtu mwenye stakabadhi mkononi akisimama leo mbele ya hakimu wa Dar es Salaam au Mombasa, jambo la kwanza atakaloulizwa si kama sahihi iliyo juu yake ni ya kweli. Ataulizwa ilikuwa wapi, na aliitafuta vipi.